Mtoto wa Kuazima

Marahaba. Shikamoo zenu za juzi nimezipokea, ingawa mlizitupa mkiwa mbioni kama mnafukuzwa na mbwa. Sasa mkuu wenu amenijia nyumbani, ameniomba niwaandikie nyinyi wahudumu wapya wa afya maneno mawili matatu ya kuwatia moyo. Moyo mnao wa kutosha, nimeuona. Mnachokosa ni kukaa kitako.

Nilikuwa nje kwangu hapa Mchikichini nakunywa chai. Mlikuja watatu, fulana zinafanana, vishikwambi mkononi, mkasimama mlangoni kwa jirani yangu. Mmoja wenu, mwenye sauti ya kunadi mitumba, akauliza mpaka wa ng'ambo ya barabara wakageuka: "Mama, humu kuna mtoto mwenye utapiamlo? Kuna mlemavu? Kuna mwenye maradhi ya kudumu?" Jirani akajibu hakuna. Mkagusa kioo, mkasema asante mama, haoo mkaenda zenu. Nyumba nzima ya vyumba sita mliimaliza kabla chai yangu haijapoa.

Mnawaita watu hao walengwa. Haya, mlengwa gani atakayejitokeza mlangoni akisikia anatafutwa kwa makelele vile? Hata kuku hujificha.

Nyumba ile nitairudia. Kwanza niwapeleke Kariakoo ya miaka ya Ujamaa, wakati kila mtu alikuwa ndugu na sabuni ilikuwa adimu kuliko ndugu. Mimi naitwa Perpetua. Nilitoka Masasi na cheti changu cha unesi na kiburi changu, nikapangiwa kliniki moja ya mama na mtoto si mbali na Mtaa wa Msimbazi. Niliyoyajua yalikuwa ya darasani. Yaliyobaki nilifundishwa na Bi. Hamida.

Bi. Hamida alikuwa nesi mkubwa pale, mzaliwa wa Gerezani, mwenye mwendo wa pole kiasi cha kukera. Alitafuna tambuu kazini, na tambuu kazini ilikatazwa, kwa hiyo mkubwa akipita aliimeza. Sijapata kuona mtu anayemeza tambuu kwa heshima kama yule. Nilipokuwa naye mara ya kwanza majumbani, niliingia uani nimesimama wima, nikaanza kuuliza maswali. Akanivuta gauni nikaangukia kigoda.

"Kaa," akasema. "Ukisimama wewe ni polisi."

Ndivyo alivyonifundisha. Ukifika kwa watu, omba maji ya kunywa, utazame nani anayeleta na nani haonekani. Tazama kamba ya nguo. Ukiona vinguo vya mtoto vimeanikwa na mtoto mwenyewe humwoni, usiulize, endelea kunywa maji. Tazama chungu kinachopikwa, na nani anapakuliwa mwisho. Mnaonuna kwamba hayo hayamo kwenye kishikwambi chenu, msinune, hayakuwamo hata kwenye vitabu vyetu.

Sasa alikuwapo mkubwa wetu mmoja. Jina lake silitaji, sisi tulimwita Bwana Mafanikio, maana kila sentensi yake ilikuwa na neno hilo. Alikuja kliniki kwa gari, akakaa dakika chache, akatuachia mpango mpya, akaondoka. Mpango wake wa kwanza ulikuwa mizani. Mizani yetu ilikuwa ya kuning'iniza, mtoto anavishwa kibukta cha turubai halafu ananing'inizwa kama nyama buchani. Ilikuwa ndani, chumba cha nyuma. Bwana Mafanikio akaamuru ifungwe kwenye boriti la veranda, inayoelekea barabarani, na karani atangaze uzito kwa sauti. Eti uwazi.

Mpango wa pili ulikuwa utepe. Mtoto aliyepungua uzito afungwe utepe mwekundu mkononi, ili aonekane popote alipo na ahudumiwe haraka. Na huo utepe ndio uliokuwa tikiti ya maziwa ya unga. Hakuna utepe, hakuna maziwa. Alipotueleza alitabasamu peke yake, kama mtu aliyegundua moto.

Nyinyi mliozaliwa juzi nieleweni hapa. Pwani hii, mtoto wa mwaka mmoja na nusu akinyauka, watu hawakusema amekosa chakula. Walisema amebemendwa. Maana yake, baba na mama walishindwa kujizuia, mama akashika mimba nyingine na mtoto angali ananyonya, mtoto ndipo akaharibika. Bwana Mafanikio aliona utepe wake unaeleza habari za uzito. Wanawake bombani walisoma habari za kitandani. Mama akipita na mtoto mwenye utepe, mazungumzo yanakatika, halafu kicheko kinaanza mgongoni kwake.

Mama mmoja aliniambia usoni, "Nesi, maziwa nayataka, njaa naijua. Lakini huo utepe mfunge mama yako."

Nilikasirika siku ile. Baadaye nilimwona ana adabu kuliko sisi sote.

Basi watoto wembamba wakaanza kupungua kliniki. Hawakupona. Waliacha kuletwa. Wakabaki wanono tupu, mashavu yanang'aa mafuta ya nazi, na kila mwezi karani anatangaza kilo nzuri nzuri. Kabatini maziwa ya unga yanarundikana. Tulimwambia Bwana Mafanikio, na Bi. Hamida alimwambia waziwazi, kwamba watoto wamefichwa. Akajibu, "Ndugu, nyinyi mmezoea matatizo, mkiyakosa mnayatafuta."

Kwa kuwa utapiamlo umekwisha, akaleta mpango wa tatu, ambao ulikuwa wa kuwabana wazembe. Mama asiyeleta mtoto kupimwa jina lake lilipelekwa kwa balozi wa nyumba kumi, akasemwa mkutanoni mbele ya majirani kuwa anarudisha nyuma maendeleo. Kwa hiyo mwenye mtoto dhaifu akimleta anaaibika, asipomleta anasemwa. Mimi sijasoma siasa, lakini najua mtu akibanwa mlango wa mbele na wa nyuma hutafuta dirisha.

Dirisha lilipatikana, na mimi ndiye niliyeliona likipitiwa.

Alikuwapo mtoto mmoja mtaa wa pili aliyeitwa Bonge. Jina la kupewa na baba yake nimelisahau, na nadhani baba yake alilisahau pia. Mama yake alikuwa mtu wa kusini kama mimi, mtu wa Lindi, mpangaji, anauza vitumbua. Bonge alikula vitumbua vilivyoungua na vilivyovunjika, na vingi vilivunjika. Ukimtia kwenye mizani alikuwa na mchezo mmoja: ananyoosha mkono, anapora kofia yangu ya unesi, anaitia mdomoni, anacheka mpaka mizani inayumba.

Siku moja ya kliniki nikampima Bonge asubuhi, na kofia yangu ikaporwa kama kawaida. Foleni ikasogea. Mara akaja mama mmoja kijana, amejifunika kanga mbili, tumbo la mimba limeshaanza kujitokeza, jina lake Mwanaisha. Amebeba mtoto aliyevaa kofia ya kufuma imemshuka mpaka kwenye nyusi. Kadi imeandikwa Hemedi. Nikamtia Hemedi kwenye kibukta. Hemedi akanyoosha mkono, akapora kofia yangu, akaitia mdomoni, akacheka mpaka mizani ikayumba.

Nilifungua mdomo nipayuke. Bi. Hamida akanifinya kiunoni, na alikuwa na kucha.

"Mpime," akasema polepole huku anamtabasamia Mwanaisha. "Mwandike. Maashallah, mtoto mzuri."

Karani akatangaza kilo. Mwanaisha akaondoka kichwa chini, anatembea kama anayekanyaga mayai.

"Dada, yule ni Bonge," nikamnong'oneza.

"Najua ni nani. Mtoto uliyemwona si kazi yako, ameshiba. Sasa jiulize Hemedi yuko wapi."

Jioni ile ile, kabla ya magharibi, tulikwenda nyumbani kwa Mwanaisha. Mwenye nyumba alikuwa mkwe wa Mwanaisha, Bi. Mwamvua, mama wa mjini hasa, watu wa hapa tangu babu zao, ulimi mkali, wapangaji, mama yake Bonge akiwamo, wanamwogopa kuliko balozi. Mwanawe, mume wa Mwanaisha, alikuwa hamali bandarini, anatoka alfajiri anarudi usiku. Nilidhani tutaingia tuseme tumekuja kumwona Hemedi. Bi. Hamida akaingia, akasalimia, akaomba kigoda, akaomba maji.

"Nimekuja kuutazama mguu wako, dada," akamwambia Bi. Mwamvua.

Waliokuwa uani wote wakageuka. Bi. Mwamvua alikuwa na matende mguu wa kushoto. Kila mtu alijua, na hakuna aliyepata kuutaja. Alivaa kanga ndefu mpaka ardhini na alikaa daima ameukunja nyuma ya kinu.

"Mguu gani?" akauliza.

"Wa kushoto. Usiku unakuchoma, na kati ya vidole pananuka. Mama yangu mimi alikuwa nao hivyo hivyo. Nimekuja na sabuni yangu."

Hiyo sabuni, wanangu, ilikuwa kipande chake cha mgawo wa dukani. Akatandika kanga chini, akauvuta mguu ule mbele za watu, akauweka mapajani kwake, akaanza kuuosha. Aliuosha taratibu, kidole kwa kidole, akaukausha kwa kitambaa safi, akamwonyesha jinsi ya kuuinua juu ya mto akilala. Hakukunja pua, hakuuliza ameupata lini. Alikuwa anapiga soga za bei ya nazi. Mimi nilikuwa nakunywa maji natazama kamba ya nguo. Palikuwa na vishati vidogo vitatu na kaptula ndogo, na Bonge aliyekuwa anatambaa pale uani asingeweza kuingia hata mguu mmoja katika kaptula ile.

Ndipo pakasikika kikohozi, kidogo, kikavu. Kilitoka kwenye chumba cha mwisho karibu na jiko, kile kilichofungwa kwa komeo nje.

Mwanaisha aliyekuwa anachambua mchele akaruka. "Humo hamna mtu," akasema kabla hajaulizwa. "Ni chumba cha mkaa."

Bi. Hamida hakuinua hata macho. "Mkaa wenu una kifua, mwanangu," akasema, na akaendelea kukausha kidole.

Hakuongeza neno. Sisi wengine tungeongeza. Tungesema serikali imesema, tungesema mnaua mtoto. Yeye alimaliza mguu, akaufunika kanga kwa heshima, akaomba maji ya kunawa. Bi. Mwamvua aliutazama ule mguu uliofunikwa. Halafu akasema, bila kumwangalia mtu, "Mwanaisha. Fungua mlango."

Mtoto aliyetolewa mle siwezi kumsahau. Nywele zimekuwa nyekundu, nyembamba kama nyuzi. Miguu imevimba, ngozi inabanduka kama rangi ya ukuta. Umri ule ule wa Bonge. Tulipomweka chini hakulia wala hakutazama kofia yangu. Nikamwekea kitumbua mkononi, kikaanguka, na hakukitafuta kwa macho. Hilo ndilo linalotisha, lishikeni. Mtoto anayelilia chakula bado ana nguvu ya kulia. Ogopa yule ambaye chakula kimeanguka na hakugeuka.

Tukataka kumpeleka hospitali siku hiyo. Bi. Mwamvua akakataa katakata. Mumewe Mwanaisha atasemwaje kazini, yeye atapitaje bombani. Ni yeye mwenyewe aliyemwambia mpangaji wake amwazimishe Bonge, na mpangaji anaweza kumkatalia nini mwenye nyumba?

"Dada," Bi. Hamida akamwambia, "mvua zikianza, huyu hatazimaliza. Humo ndani atakohoa mpaka anyamaze. Mimi sikutishi. Nakwambia kwa kuwa umeniruhusu nikushike mguu."

Wakapatana hivi: hospitali hapana kwa sasa, lakini tutakuja kila siku, na wote watajua tumekuja kwa mguu. Maziwa nayo? Yalikuwa ya wenye utepe, na wenye utepe hawakuja, kwa hiyo yalikuwa kabatini yanangoja panya. Bi. Hamida akayabeba kwenye kikapu chake chini ya tambuu. Akaagiza sufuria moja, uji wa maziwa na mafuta na karanga zilizotwangwa, na watoto wote wa nyumba ile wanywe, asibaguliwe hata mmoja, asijue mtu uji ni wa nani. Mama Bonge ndiye aliyepika, na mafuta yalikuwa yake, ya vitumbua. Hemedi alipewa kijiko kimoja kimoja, mchana kutwa, hata asipotaka. Bonge alipewa bakuli. Ukiuliza nani aliyenufaika zaidi mwezi wa kwanza, ni Bonge.

Kifua kilitulia kwa dawa tulizokwenda nazo. Uvimbe ukaanza kushuka miguuni, na uvimbe ukishuka mtoto anaonekana mwembamba zaidi, mama anaogopa zaidi, lazima umwambie mapema kwamba hiyo ni heri. Lakini kula kwa hamu, bado. Alimeza alicholishwa, basi. Bi. Hamida alisema huyo mtoto hajaamua.

Wakati huo Bwana Mafanikio anaandaa mashindano. Mtoto Mwenye Afya Bora, uwanja wa shule, mgeni rasmi, ngoma, mpiga picha. Zawadi ya kwanza doti ya kanga, ya pili mche mzima wa sabuni. Watu waliokwishakoga kwa majani ya mpapai waliposikia mche mzima wa sabuni, walikuja hadi wasio na watoto. Washindi walichaguliwa ofisini kwa kutazama kilo. Sisi manesi hatukuulizwa, tuliambiwa tuvae sare safi tusimame nyuma ya meza.

Mgeni rasmi alichelewa kama ilivyo desturi yao. Watoto walilia juani, hotuba ikaja, Bwana Mafanikio akasema mafanikio mpaka nikapoteza hesabu. Halafu akatangaza mshindi wa kwanza. Mama Bonge akapanda jukwaani amembeba Bonge kwa shida, watu wakapiga makofi, Bonge akapora kofia ya mgeni rasmi.

"Na mshindi wa pili, aliyemkaribia sana mwenzake kwa uzito," akasema Bwana Mafanikio, "ni mtoto Hemedi, wa mama Mwanaisha."

Nilimtazama Bi. Hamida. Tambuu ilikuwa imemkwama. Mshindi wa kwanza na wa pili walikuwa mtoto yule yule, na yule mtoto alikuwa tayari jukwaani anatafuna kofia.

Mwanaisha alikuwa nyuma ya umati. Alikuja kwa kuwa tulimwambia asimwache Hemedi peke yake, amlishe kila mara. Alikuwa amembeba mgongoni, amemfunika kanga gubigubi. Bwana Mafanikio akaita mara ya pili, anatabasamu, anatafuta kwa macho. Wanawake wa mtaani waliokuwa wanajua wakaanza kugeuka mmoja mmoja. Kicheko kikaanza, kile kile cha bombani. Niliona Mwanaisha anaanza kurudi nyuma, na nikajua akikimbia sasa, mtoto yule anarudi chumba cha mkaa na hatatolewa tena.

Kwenye viti vya wazee akainuka Bi. Mwamvua. Alitembea na ule mguu wake, kanga ameikunja juu, mguu wote nje, kila mtu auone. Akafika kwa mkwewe, akamfungua mtoto mgongoni, akampakata. Umati ukampisha. Alipanda ngazi za jukwaa moja moja, na hakuna aliyethubutu kumsaidia.

"Mshindi wa pili huyu hapa," akasema, akaifunua kanga.

Kicheko kikafa. Bwana Mafanikio akamtazama mtoto, akatazama karatasi yake, akamtazama Bonge.

"Mama, huyu siye," akasema.

"Ndiye. Mjukuu wangu wa kuzaliwa. Yule mliyempima kwa jina lake nilimwazima mimi, kwa mpangaji wangu. Mlisema mnataka wanono, tukawaletea mnono. Huyu mlisema mtamfunga utepe, nami nikamfungia komeo. Sasa nimemleta, mpimeni. Na sabuni yangu nipeni, nina mguu wa kuosha."

Bwana Mafanikio alimwinamia Bi. Hamida. Nilikuwa karibu, niliyasikia kwa masikio yangu. Alisema, "Mwondoe huyu mtoto, ataharibu picha."

Basi mjue hivyo. Mtoto aliyeanzishiwa maziwa, mizani, utepe, mashindano na gari la mkubwa, siku aliyopandishwa mbele yao, tatizo lake lilikuwa anaharibu picha.

Bi. Hamida alitema tambuu yake mbele ya mgeni rasmi, kwenye leso, kwa mara ya kwanza tangu nimjue, kisha akamsogeza Bonge pembeni akamwachia Bi. Mwamvua nafasi ya katikati. Mgeni rasmi hakujua afanye nini na mikono yake. Akauchukua mche wa sabuni, akauelekeza kwa mtoto, kama wanavyofundishwa kutoa zawadi. Hemedi akaushika kwa mikono miwili, akauleta mdomoni, akaung'ata.

Wanawake walianza kulia, hata waliokuwa wanacheka. Mgeni rasmi akavua miwani. Wote waliona mtoto mwenye njaa anakula sabuni, na walikuwa sahihi. Lakini Bi. Hamida alinishika mkono kwa nguvu mpaka ukauma, na macho yake yalikuwa yanacheka.

"Umeona?" akaninong'oneza. "Ametafuta kula mwenyewe. Ameamua."

Nikamnyang'anya Hemedi ile sabuni, nikamfuta povu mdomoni, nikampa kitumbua cha Mama Bonge. Hakikuanguka.

Siku ya kliniki iliyofuata tulikuta foleni imefika kwenye kona. Kama Bi. Mwamvua, mwenye ulimi ule na nyumba ile, amesimama jukwaani na mjukuu wake na mguu wake, nani tena atakayemcheka mtu bombani? Watoto walitolewa vyumba vya nyuma, walitolewa kwa bibi zao, walitolewa chini ya vitanda. Wawili walichelewa kutolewa, tukawazika. Sitawaambia uongo kwamba wote walipona. Mizani tuliirudisha ndani, karani tukamwambia aende akatangaze uzito wa mkewe, na tepe zote Bi. Hamida alizichoma kwenye jiko la uji.

Na Bwana Mafanikio? Alikuja, akatazama kilo za mwezi ule, akapiga meza. Kliniki yetu iliyokuwa ya mfano imeharibika, anasema, utapiamlo umerudi Kariakoo kwa uzembe wa manesi. Tulipewa onyo mimi na Bi. Hamida. Yeye alipandishwa cheo baadaye, kwa kliniki nyingine zilizokuwa bado zina wanono tupu. Mimi hasira yangu na mtu yule haijaisha, wala sitaki iishe.

Hemedi anauza viatu vya mitumba hapa hapa Mchikichini. Ana kitambi. Ananiuzia bei ya mtu baki, nami namlipa namtukana, anacheka. Alikuwa kwangu ile juzi mlipopita, amekaa ananinywea chai yangu, na ni yeye aliyenigusa begani nisikilize.

Ile nyumba mliyoandika hakuna, kesho rudini. Hizo fulana ziacheni, nendeni wawili tu, ombeni maji, mkae. Jirani yangu ana mama mkwe mgonjwa wa pumu, anzeni na huyo. Halafu tazameni mlango wa mwisho karibu na jiko. Mimi niliuulizia kwa utani mwezi uliopita, nikaambiwa ni stoo.

Stoo haikohoi, wajukuu zangu.